Naomba Kesi Niliyoshinda Ifutwe

Kashojwa, Nakivale

Kwa Msajili wa Mahakama, Mbarara

Mheshimiwa Msajili,

Mimi ni Nicodème Mushagalusha, mkimbizi kutoka Kivu Kusini, mkulima. Ndimi niliyeishitaki kamati ya ajira ya kituo cha afya, kwa kuwa jina la mkalimani mpya lilibandikwa ukutani siku moja kabla ya usaili. Mahakama ilinipa haki, ikaamuru usaili urudiwe hadharani, mbele ya kamati mpya. Nilishukuru sana. Sasa naomba kwa unyenyekevu hukumu hiyo ifutwe, kwa sababu hizi:

1. Usaili wa pili ulikuwa wa haki. Mara ya kwanza nilishindwa kwa upendeleo, nikatembea kijijini kifua mbele. Safari hii nimeshindwa kwa alama: thelathini na nane kwa mia. Nimlaumu nani?

2. Aliyepata tisini na moja ni mke wangu, Jocelyne. Hakuwa na nia ya kuomba kazi. Mahakama ndiyo iliyomfungua macho. Siku ya kesi mkalimani wenu alikuwa mgonjwa. Niliposema kamati imeninyima fasi, yaani nafasi, karani aliandika kwamba wameninyima pasi ya kunyooshea nguo. Jocelyne akasimama, akaeleza yote kwa Kinyankore alichojifunza akiuza mihogo Nyamitanga. Jaji akamshukuru. Mimi mwenye kesi niliambiwa nikae.

3. Katika usaili tuliambiwa: mama Mrundi amekuja, mtoto wake ana homa kali, mweleze muuguzi. Nilianza na safari ya huyo mama tangu mpakani. Jocelyne alininong'oneza kutoka kwenye benchi, "Baba Ushindi, mtoto anaungua! Sema homa!" Nilimwomba aningoje nimalize utangulizi.

4. Sina jina tena. Naitwa Bwana wa Mkalimani. Jana nilipika maharage mwenyewe, na binti yetu Ushindi akauliza kama ni dawa.

Kwa hiyo naomba usaili wa tatu, wenye haki kidogo tu. Ikishindikana, irudishwe kamati ya zamani, maana ile ilikuwa ikinishinda kwa heshima.

Nisalimie karani, jaji, na askari wa mlangoni aliyenitunzia mwavuli.

Wako mtiifu, katika kushinda na katika kushindwa,

Nicodème Mushagalusha

Nyongeza: Nimeambiwa barua iwe ya Kiingereza, nikampa Jocelyne aitafsiri. Aliisoma yote, akauliza, "Baba Ushindi, unaomba bale batu ba upendeleo barudi, sababu bibi yako anajua kusema. Ni hiyo?" Nilipoiandika haikuwa na sura hiyo. Tafadhali ichane. Jumatatu anaanza kazi, na mimi nimeshatia upepo baiskeli ya kumpeleka.