Pembe Iliyolia Tanga

Jumatatu, 9 Septemba

Nimeteuliwa kuongoza safari ya Tanga. Sijawahi kufika Tanga.

Niandike ilivyokuwa. Asubuhi meneja wetu wa ushirika, Mama Fortunata, alituita makarani wake wote, yaani mimi na Loth. Alisema wajumbe ishirini wa bodi, wakulima wazee wa Mhezi kule milimani, watapelekwa Tanga kwa siku moja kuona mji wa viwanda vya zamani: kiwanda cha katani, reli, bandari. Wakaone jinsi zao moja lilivyojenga mji mzima. Akauliza nani kati yetu anaijua Tanga. Loth alifungua mdomo. Nikawahi.

Nilikuwa na sababu. Mkataba wangu unaisha mwisho wa mwezi huu, na wa Loth pia. Nafasi ya kudumu ni moja, na bodi ndiyo inayochagua. Mtu atakayekaa na bodi siku nzima akieleza mambo kwa sauti tulivu, huyo ameshaajiriwa.

Nilisema naijua Tanga vizuri sana. Mama Fortunata akauliza nilikaa mtaa gani. Nikasema mtaa wa katikati.

Loth aliandika kitu kwenye daftari lake.

Safari ni Alhamisi. Jumamosi Wasabato hawatoki, Jumapili Walutheri na Wakatoliki hawatoki, na Ijumaa Mama Fortunata ana harusi. Nina siku mbili za kuwa mwenyeji wa Tanga.

Jumanne, 10 Septemba

Nimesoma mpaka macho yanawasha. Sasa najua kwamba Wajerumani walileta mkonge, na kwamba reli inayopita hapa Same ilianzia kule Tanga. Najua na majina ya mitaa minne, lakini sijui ipi iko katikati.

Hofu yangu ni maswali. Wazee wa Mhezi wanauliza. Mwaka jana mtaalamu wa mbolea alipanda kuzungumza nao saa moja, akateremka siku ya tatu, amekonda.

Saa sita nikapata wazo. Ukutani ofisini imetundikwa pembe ya tandala, kumbukumbu ya mwenyekiti wetu wa kwanza. Niliishusha, nikaipeleka chooni, nikaijaribu. Inalia. Mhasibu alitoka chumba cha pili na kalamu mdomoni, akauliza kama kuna ng'ombe.

Mpango ni huu. Likija swali nisiloliweza, napiga pembe, natangaza kwamba tunahamia sehemu nyingine. Watu wanahama, swali linabaki pale lilipo. Sioni pa kukosea.

Nimeandika na tangazo: "Pembe ikipigwa, kila mjumbe afike mara moja bila kukosa." Irine, katibu muhtasi, ambaye kwao ni Chome, huko huko milimani, alilichapa hadi nusu akasimama. Akauliza kama nina hakika na hilo neno pembe. Nikasema ninayo. Akauliza kama nimewahi kuishi milimani. Nikamweleza kwamba nimekulia Kifaru, tambarare, kwenye nyumba za walimu, na kwamba pembe ni pembe tu. Akasema haya, kaka Fanueli, mimi nachapa. Akachapa nakala ishirini huku mabega yanamcheza.

Nadhani ana mafua.

Jumatano, 11 Septemba

Wazee wameshuka kutoka Mhezi na watalala kwa ndugu zao hapa mjini. Nimewapokea stendi. Shikamoo ishirini, moja moja, kwa kuinama. Mgongo unauma, lakini naamini zimehesabiwa.

Kiongozi wao ni Bibi Dorkas. Ni mdogo wa umbo, ana miwani iliyofungwa kwa uzi na daftari la kaunta chini ya kwapa. Aliitikia marahaba, akaniuliza mimi ni wa nani. Nikamtaja baba. Akasema alimfahamu babu yangu, alikuwa mtoro. Sikuuliza mtoro wa nini.

Wote wamebeba vifurushi virefu vilivyoviringishwa kwenye magunia na kanga kuukuu. Nilidhani ni miwa, zawadi kwa watu wa Tanga. Nikaguswa. Loth, ambaye hawezi kuona kitu asikiulize, akauliza ni vya nini. Bibi Dorkas akamjibu, "Si ninyi mmetangaza?" Loth akanigeukia. Nikatabasamu kama mtu anayejua.

Jioni nilimwona Loth dirishani kwa Irine. Walikuwa wanacheka. Halafu Loth akaenda dukani akarudi amevaa mabuti ya mpira. Mabuti, kwenda mjini! Nimemhurumia. Mimi nitavaa viatu vyeusi na suruali ya mahafali.

Alhamisi, 12 Septemba

Tulitoka Same saa kumi na moja alfajiri. Kufika Hedaru nilikuwa nimekwisha kusema yote ninayoyajua kuhusu Tanga, na Tanga ilikuwa bado saa nne mbele. Nikayarudia kwa mpangilio tofauti.

Tulipoipita Mombo, Mzee Aminiel akaniuliza: huyo Mjerumani alipokuja na mashine zake za chuma, aliambiwa kwamba Wapare walikuwa wanafua chuma kabla babu yake hajazaliwa? Mkono ulikwenda kwenye pembe wenyewe. Chande, dereva wetu, akasema pembe hiyo ikilia ndani ya basi lake, mimi nateremka na basi linaendelea. Nikamwambia Mzee Aminiel kwamba swali lake ni zuri mno, linafaa kujibiwa tukiwa tumesimama. Akasema atasubiri.

Kiwandani tulipokewa na dada mmoja, Ummy, mtembezaji wa wageni. Anajua kila kitu. Anajua bamba hili lilikamua jani vipi, brashi ile ilichana nyuzi vipi, wafanyakazi walikuja kutoka wapi kwa miguu. Wazee walimsikiliza kama mahubiri. Mtu mwenye akili angekaa kimya na kushukuru. Mimi niliwaza: kama Ummy anaeleza, mimi ni wa nini? Nikaanza kutikisa kichwa kila anapomaliza sentensi, kama mwalimu anayesahihisha.

Loth alikuwa akisubiri hilo. Tulikuwa uani, nyuma ya kiwanda, majani yamefika kiunoni, na katikati kuna bustani ndogo ya mikonge iliyopandwa kwa duara, na kibao. Kando yake gurudumu kubwa limelala kwenye kutu. Loth akasema kwa sauti ya kanisani, "Kaka Fanueli, wewe mwenyeji wa hapa, hebu tufafanulie. Hili gurudumu lilikuwa linazungusha nini?"

Ummy alinitazama kwa hamu ya kweli ya kujua. Bibi Dorkas akavaa miwani.

Nikapiga pembe.

Iliitika vizuri kuliko chooni. Nikachukua pumzi nitangaze kwamba tunahamia bandarini. Sikupata nafasi. Vifurushi vilikuwa vinafunguliwa. Ndani hamkuwa na muwa hata mmoja. Majembe. Mapanga. Mundu. Reki moja mpya, bado ina karatasi ya dukani.

Kumbe Mhezi pembe ina kazi moja tu duniani. Mvua ikibomoa barabara, mfereji ukiziba, pembe inalia, na kila nyumba inatoa mtu na jembe lake. Ni msaragambo. Haliulizwi swali, hatolewi udhuru, na asiyefika anatozwa faini. Na mimi nilikuwa nimewatumia tangazo lenye muhuri wa ushirika kwamba Tanga kuna msaragambo.

Mzee Aminiel alipanga mistari miwili. Bibi Dorkas alifungua daftari la kaunta, akaanza kuita majina. Ummy aliuliza kinachoendelea. Mzee mmoja akamwambia, mama, poleni sana na haya majani, mngesema mapema. Loth alikunja mikono ya shati, mabuti yake yakiwa tayari, akapokea jembe la akiba.

Mimi niliingia kwenye kibanda cha mabati, nyuma ya tangi la mvuke. Nilikusudia kufikiri kwa dakika mbili. Suruali ikanasa kwenye msumari, nikakaa humo mpaka saa nane.

Kupitia tundu la bati niliona yote. Majani yalilala. Chini yake ikatokea reli, ile nyembamba ya vitoroli vya mkonge, imenyooka hadi ukutani. Ummy alipiga kelele. Alisema reli hiyo ameiona kwenye mchoro tu, na kwamba ameomba vibarua miaka mitatu. Alimshika Bibi Dorkas mikono yote miwili. Nikasema moyoni, Fanueli, umeshinda.

Halafu wakafika kwenye bustani ya duara. Kibao kilisema kwamba mikonge hiyo imepandwa na wageni wa heshima, isiguswe. Mzee Aminiel alikisoma kwa sauti hadi mwisho, akasema aliyepanda alikuwa na nia njema ila hakufundishwa. Mkonge ni wa mpaka. Kwetu shamba linaisha pale mkonge ulipo, na mpaka wa duara ni wa kichaa. Wakaing'oa yote kumi na miwili, kwa uangalifu, na mizizi yake, wakaipanda upya kwenye mstari ulionyooka kando ya reli. Wakamwagilia. Wakarudisha kibao.

Ummy alikaa juu ya jiwe. Sikuweza kuona kama analia au anacheka. Nadhani yeye pia hakuwa na hakika.

Saa nane walifungua ndoo za makande, wakala na walinzi wote wa kiwanda. Harufu ilinifikia humo ndani. Nikavuta suruali ikachanika, nikatoka. Bibi Dorkas alinitazama kuanzia viatu vyeusi hadi juu, akageuza ukurasa, akaandika. Akasema katika maisha yake ameandika watoro wengi: wagonjwa, walevi, mpaka mchungaji. Mpiga pembe mwenyewe, ndiyo mara ya kwanza. Halafu akasema, "Babu yako angalau alikuwa anakimbilia mbali."

Bandari tuliiona kupitia dirisha la kushoto. Waliokaa kulia hawakuiona.

Ijumaa, 13 Septemba

Faini ni jogoo mmoja. Nimeamua kumpeleka kabla sijadaiwa, jogoo mkubwa kuliko kawaida, ili ionekane ni zawadi. Nimemnunua, nikamficha kwenye kabati la mafaili. Anaonekana mtulivu.

Nimeandika pia taarifa ya safari: "Wajumbe walijifunza kwa vitendo. Kiongozi alisimamia kutoka eneo la mashine." Kila neno ni kweli.

Nikiwa naisoma taarifa hiyo kwa Mama Fortunata, tayari amevaa nguo za harusi, jogoo aliwika. Mama Fortunata akasema yeye alikuwa ameambiwa kilicholia Tanga ni pembe.

Jumatatu, 16 Septemba

Bodi imekaa. Nafasi ya kudumu amepewa Loth. Bibi Dorkas alisoma majina kutoka kwenye daftari la kaunta: Loth, yupo. Fanueli, hayupo. Kikao kilichukua dakika nne, pamoja na sala.

Lakini sijafukuzwa. Ummy amepiga simu akisema mkubwa wake alikasirikia mikonge kutwa nzima, kisha wageni watano wakaomba kupigwa picha kwenye reli. Wazee nao wamesema hawajawahi kuwa na safari nzuri kama ile: udongo laini, wenyeji wakarimu, kazi imeonekana. Wanataka nyingine. Nimeongezewa miezi mitatu, na bodi itanitazama upya.

Mama Fortunata ametuita tena. Safari hii ni Morogoro, kuna viwanda vingi vya zamani. Akauliza nani anaijua Morogoro. Loth, mwenye ajira ya kudumu, alinitazama kwa upole.

Nilisema nimekaa Morogoro miaka miwili.

Pembe nimeirudisha ukutani, siigusi tena. Nimekwenda kwa mzee wa kanisa na kuazima kengele ndogo ya usharika. Wazee wote wa Mhezi wanaufahamu mlio wake tangu utotoni, hawawezi kuchanganyikiwa. Tangazo nimeshampa Irine alichape: "Kengele ikilia, kila mjumbe afike mara moja."

Amenipongeza. Kisha akauliza kama Morogoro nitahubiri mwenyewe. Sikumwelewa. Yale mafua bado yanamsumbua.