Padi Nyekundu ya Bingwa

Habari iliyotua kijiweni Jumanne ile haikuwa ya mahindi wala ya timu iliyofungwa. Sabiri, fundi simu wetu, alitoka bandani kwake na kidude kinachoenea kiganjani, akakiweka mezani katikati ya vikombe vya kahawa. Akasema ni mashine ya gemu, zile za kuchezea kwenye runinga miaka ya tisini. Sasa zinatengenezwa upya kwa umbo dogo ili watu wazima wakumbukie ujana wao. Dada yake, Husna, ndiye aliyemletea, na ndani ina magemu ishirini.

"Na yanaongezeka," akasema. "Naiunga na kompyuta, natia ninalotaka. Hata lile la vifaru la Bingwa."

Kahawa ikampalia Bingwa. Alikohoa mpaka kofia ikadondoka, na hakuna aliyeiokota, maana wote tulikuwa tunamtazama usoni.

Ngoja nieleze, usije ukapotea njiani. Kijiwe chetu kipo Chanika, hapa Handeni mjini, mbele ya banda la Sabiri. Kina mabenchi mawili yanayopigwa na jua na kiti kimoja cha mbao kilicho chini ya bati. Hicho kiti ni cha Bingwa. Jina lake ni Muhidini, mwenye kibanda umiza cha kuonyesha filamu pale ng'ambo ya barabara, lakini kiti hakukipata kwa filamu. Ujanani alikata mkonge Korogwe, na anasema mwaka tisini na nne, kwenye banda la gemu la mzee mmoja aitwaye Rehani karibu na stendi, alimaliza gemu la vifaru hatua zote thelathini na tano. Jambo hilo, kwa maelezo yake, halijafanywa na binadamu mwingine mkoa mzima wa Tanga.

Picha hana. Cheti hana. Mashahidi, anasema, nusu wamekufa na nusu wako Dar, na mimi sioni tofauti kubwa kwa sababu wote hawapokei simu. Mimi naitwa Kumbukumbu hapa kijiweni kwa kuwa nasahau sana, ila hili nalikumbuka: nilipoisikia hadithi mara ya kwanza, hatua zilikuwa ishirini. Ramadhani iliyopita mashine ilikuwa tayari inafuka moshi na kuandika jina lake kwenye kioo. Tulimwachia. Ubingwa ukazaa kiti, kiti kikazaa madaraka, na leo mjadala wowote hapa, uwe wa ndoa au wa katiba, neno la mwisho ni lake.

Wiki iliyopita neno la mwisho lilimwangukia Chausiku, anayetupikia kahawa mwaka wa sita sasa. Bingwa aliamua kwamba moshi wa jiko unamsumbua, kwa hiyo jiko litoke chini ya bati lihamie juani, na mpishi wake pamoja nalo. Chausiku alilibeba jiko, akahama. Sisi tunaokunywa kahawa yake tulitazama vikombe, na aibu ile bado ninayo.

Basi Jumanne hiyo kwa mara ya kwanza ubingwa ulikuwa unaweza kupimwa.

Bingwa alipopata pumzi alianzia kwenye sheria. Alisema gemu ni jasho la mtu, kuna kampuni ililitunga, na kulitia kwenye mashine bila ruhusa ni wizi kama wizi wa kuku. Akamgeukia Richard, ambaye tunamwita Wakili kwa sababu alifagia mahakama miaka tisa na maneno yakamwingia pamoja na vumbi.

"Kisheria," alisema Wakili huku akifunga kifungo cha shati, "kazi ya ubunifu ina mwenyewe. Kuichukua bila idhini yake ni kosa. Hapo Bingwa ana hoja."

"Na zile filamu mia nne kibandani kwake," akauliza Chausiku kutoka kule juani, "zote alipewa idhini?"

Wakili alifungua kifungo. "Kisheria, hilo tuliache."

Hoja yenyewe ilikuwa ya kweli, sitaki kudanganya. Tatizo lilikuwa mdomo ulioitoa. Bingwa naye aliliona hilo, akahama sheria akaingia kwenye ufundi.

"Sabiri, mwanangu, gunia la kilo mia ukilishindilia mia mbili linafanyaje? Hicho kidude kina magemu ishirini, kimeshiba. Ukiongeza kitapasuka na kutuumiza hapa."

"Mzee, lile gemu zima na hatua zake zote ni dogo kuliko ile picha yako ya Idi uliyonitumia."

"Dogo?"

"Kwenye nafasi ya picha yako yanaingia hata hamsini."

Nikamuuliza Bingwa kama nimeelewa vizuri, kwamba ubingwa wa miaka thelathini unaenea kwenye ukosi wa kanzu yake katika picha ile na nafasi inabaki. Akaniambia nikauze mitumba yangu. Halafu akaja na hoja ya tatu, kwamba hilo litakalotiwa si lenyewe. Lenyewe lilikuwa la kaseti, na kaseti lazima uipulize vumbi kabla ya kuichomeka. Gemu lisilopulizwa, alisema, halina uhalali. Sabiri akamwambia kama shida ni kupuliza, apulize tu, hakuna atakayemzuia.

"Basi tuunde kamati," Bingwa akasema. "Tusikurupuke. Wadau washirikishwe, watu watoe maoni, mwakani tuone."

Nimeishi nchi hii muda wa kutosha kujua kwamba mtu akidai kamati, jibu analo tayari na halimpendezi. Lakini Wakili alishaanza kujinadi awe katibu, na nina hakika kamati ingeundwa kama Chausiku asingeinuka na birika lake akaja kusimama mbele ya kile kiti.

"Acheni kamati," alisema. "Bingwa avuke hatua tano tu. Thelathini na tano simdai. Akivuka, jiko langu litakaa juani mpaka Mungu anichukue. Asipovuka, chini ya bati ni kwa jiko."

Bingwa alitutazama mmoja mmoja. Nadhani alikuwa anatafuta mtu wa kumwambia Chausiku asimkosee adabu mkubwa. Alitukuta tunapuliza kahawa iliyopoa zamani.

"Mama Yusra," akamwambia Chausiku, "wewe na vifaru wapi na wapi?"

"Ndiyo maana nataka kuona. Utachezea padi gani?"

Padi ni kile cha kushika kwa mikono miwili, chenye vitufe. Mashine ya Sabiri ilikuja nazo mbili, nyeusi na nyekundu.

"Nyekundu," alisema Bingwa, na sauti ikamrudia. "Korogwe nilichezea nyekundu tu. Mzee Rehani alikuwa ananiwekea pembeni, mtu mwingine haruhusiwi kuigusa."

"Hata mmoja?"

"Hata mmoja. Bingwa ni bingwa."

Chausiku alitikisa kichwa taratibu, akarudi kwenye moto wake.

Kazi ya kuongeza gemu ilituvunja moyo. Tulitarajia bisibisi na cheche. Sabiri alichomeka waya kwenye kompyuta, akabonyeza mara mbili, mstari wa kijani ukatembea, na kabla Wakili hajamaliza sentensi kuhusu kinga na mipaka yake, kazi ilikuwa imekwisha. Bingwa alikigeuza kile kidude akikitazama tumbo, kana kwamba kingekuwa kimevimba.

Runinga ikaletwa mlangoni, ikawekwa juu ya meza yenye kitambaa kirefu, mashine mbele yake. Chausiku alikuja kukusanya vikombe. Kijiko kikamdondoka, akainama chini ya kitambaa na kukaa huko kidogo. Nilimwona, nikadhani ni mambo ya kijiko.

Gemu la vifaru likatokea kwenye kioo, jina lake kwa herufi kubwa. Bingwa alivuta kiti, akasema bismillahi, akaishika padi nyekundu kwa ile mikono yake minene. Kwa muda hakuna kilichotokea. Kisha kioo kikafunguka, na kifaru cha njano kikatoka kwenye ngome.

Nisiwe mnafiki, tulishangaa. Kifaru kilikata kulia, kikajibanza nyuma ya ukuta, kikapiga adui wawili kabla hawajageuka. Bingwa alikuwa anacheza kwa mwili mzima, viwiko, mabega, hata meno. Kifaru kikizunguka, naye anazunguka. Adui wa tano akalipuka, wa sita akalipuka.

"Mnaona?" alikuwa anasema. "Mkono hausahau. Mlitaka kunidhalilisha, sasa mnaona."

Wakili alisimama akatangaza kwamba anayafuta maneno yake yote ya asubuhi ile, pamoja na yale ambayo hakuyasema. Mimi nilijiona mtu mbaya. Miaka yote hiyo nimemcheka mzee wa watu, kumbe alikuwa anasema kweli, na jiko la Chausiku sasa ndiyo basi tena.

Ghafla kioo kikawa cheusi na lile jina kubwa likarudi. Bingwa akainua mikono juu.

"Mashine imesalimu amri. Imerudi mwanzo yenyewe."

Chausiku aliweka birika chini. Akaja mezani, akaingiza mkono chini ya kitambaa, akaufuata waya mwekundu taratibu mpaka ncha yake ikatokea vidoleni. Ilikuwa inaning'inia.

"Kaka Muhidini," alisema, na katika miaka sita ilikuwa mara ya kwanza nasikia akimwita kwa jina lake, "padi hii haijachomekwa."

Sabiri, ambaye naye alikuwa hajui, alieleza kwa sauti ya chini kwamba magemu ya zamani ndivyo yalivyo. Ukiyaacha bila kubonyeza kitu, yanajicheza yenyewe kidogo ili kuvutia watu, kisha yanarudi mwanzo. Nilitazama vidole gumba vya Bingwa. Vilikuwa bado vinabonyeza.

"Ichomeke," alisema.

Chausiku akaichomeka. Kifaru cha njano kikatoka, kikageukia kilikotoka, kikapiga risasi moja, na ngome yake mwenyewe ikabomoka. Gemu likaisha hapo. Wakili alihesabu sekunde nne, kwa ajili ya ushahidi.

"Ni mashine," Bingwa akasema. "Hii ni nakala. Korogwe padi nyekundu ilikuwa..."

"Korogwe padi nyekundu ilikuwa imekatika waya," alisema Chausiku. "Mzee Rehani ni mjomba wangu. Ulikuja na nguvu za mkonge, kaka, ukavunja padi mbili wiki moja. Mjomba akakupa ile mbovu, ncha yake akaifichia kwenye pazia. Nyuma ya pazia nilikuwa mimi, na padi nzima. Mama alikuwa hataki nionekane na vijana wa stendi."

"Hatua zote thelathini na tano?" nikauliza.

"Zote. Mara nne."

"Watu walijua?" akauliza Wakili, na safari hii hakusema kisheria.

"Stendi nzima. Mjomba aliwaambia mwacheni, anachangamsha banda."

Sabiri akamuuliza kwa nini basi amenyamaza miaka yote hii, akimsikiliza Bingwa kila asubuhi akipiga kamba, kumbe alimtambua tangu siku ya kwanza alipoanza kupika kahawa hapa. Chausiku alilitazama jiko lake pale juani.

"Alikuwa hajaligusa jiko langu," alisema.

Nililibeba mimi lile jiko. Niliungua vidole viwili na nikaona nimestahili. Tuliliweka chini ya bati, Chausiku akakaa kwenye kiti, na tulipomwomba sana akaipokea padi, birika likiwa katikati ya miguu. Alivuka hatua ya tano huku akiuliza nani anataka tangawizi.

Bingwa alikuwa amesimama juani, kofia mkononi. Kisha akasema kwamba ukilitazama jambo hili kwa haki, basi walimaliza pamoja, yeye mbele na Chausiku nyuma, na kwamba kila kazi kubwa inahitaji mtu wa kukaa mbele. Nilitaka kumhurumia, na nadhani ningeweza kama asingeongeza hayo ya mwisho.

Akavaa kofia ili aondoke. Alipompita Sabiri aliinama kumnong'oneza, lakini mnong'ono wa Bingwa unasikika mabenchi yote mawili.

"Fundi, hicho kidude bado kina nafasi?"

"Tele, mzee."

"Na idhini ya mwenyewe?" akauliza Wakili.

"Hilo tuliache," alisema Bingwa. "Kesho nitilie gemu jingine. Lolote lile, mradi halikuwahi kufika Korogwe."