Fundi Makochi na Vita vya Nyumba Mbili na Nusu

Sogeeni, enyi wapangaji na wenye nyumba, enyi mnaodai na mnaodaiwa. Zimeni redio, epueni sufuria, na yule anayetafuna huko nyuma ama ameze ama ateme, kwani mimi nikikatizwa huwa naanza upya, na habari yenyewe ni ndefu. Wengine wamesimulia majemadari waliovuka mito na kuangusha kuta za miji. Mimi nasimulia mtu aliyeiuliza benki swali moja, akalielewa jibu. Na kabla hamjacheka, kila mmoja ajiulize kama yeye amewahi.

Shujaa wetu ni Fundi Makochi, Simba wa Sponji, Baba wa Matakia, bingwa wa stepla ambaye mkono wake haukupata kukosa mbao ila mara moja tu, na kidole hicho kimeshapona. Tangu ujana wake alikuwa akipamba sebule za watu. Matajiri walikalia kazi yake, mahakimu walisinzia juu yake, lakini yeye mwenyewe aliishi katika vyumba viwili vya kupanga, na sebule yake haikuwa sebule, kwa maana nyuma ya pazia la maua, juu ya kochi la watu watatu, alilala mama mkwe wake, ambaye mtaa mzima tulimwita Bibi.

Bibi hakuwa na mlango. Hilo ndilo lililokuwa donda la nyumba ile. Aliyetaka maji alfajiri alipita miguuni pake, aliyechelewa kurudi alimwamsha, mgeni alipokuja yeye alikunja shuka lake upesi akakaa wima kama mtu aliyekuwa akisubiri basi. Hakulalamika hata siku moja, na hilo lilimuuma binti yake kuliko malalamiko. Binti huyo, mke wa Fundi, mpishi wa mikate katika tanuri la mjini, alikuwa ameapa kwamba mama yake hatakufa bila kitasa.

Basi ikatokea nyumba ya kuuza, yenye vyumba viwili, sebule pana, jiko, choo na baraza. Akiba yao ikamezwa na wakili, mthamini na mihuri, nayo benki ikakubali kutoa bei yote kwa mkopo wa miaka ishirini na mitano. Zilibaki saini tu, na saini zilipangiwa Ijumaa.

Fundi Makochi akapanda juu ya kreti la soda mbele ya karakana yake, akatukusanya majirani, akanyanyua mkono wenye futikamba, akanena: "Enyi watu wangu, kodi ninayomlipa mwenye nyumba kila mwezi inalizidi kidogo rejesho nitakalolipa benki. Kwa hiyo kuwa na nyumba ni rahisi kuliko kutokuwa nayo. Aliye na neno na asimame."

Mkewe alikuwa ameshasimama, maana hakukuwa na kreti la pili. Akauliza, "Na yote kwa jumla, mpaka tumalize, ni kiasi gani?"

Laiti mngeuona uso wa Simba wa Sponji saa ile. Akashuka kwenye kreti kwa uangalifu mkubwa. Mkewe akatoa simu akapiga hesabu, rejesho la mwezi kwa miezi yote ya miaka yote, na ikatoka namba ndefu kiasi kwamba Fundi akaigeuza simu ubavu ili apate kuiona vizuri. Akaitazama sana. Kisha akakiri, na huo ndio ushujaa wake wa kwanza, "Naiona, ila siielewi. Mimi tarakimu hainiingii mpaka niichore."

Kwa maana fundi wa makochi hakati kitambaa bila chaki. Na chaki yake ilikuwa imekwisha. Ndipo mimi, mwandika mabango wa mtaa huu, nilipoingia katika historia: nikamwazima boksi langu zima la chaki nyeupe, jipya, halijafunguliwa. Neno hilo mliweke moyoni, nitalirudia.

Akatoka uwanjani nyuma ya karakana, akapiga magoti, akaichora nyumba ile ardhini kwa kipimo cha nusu, kila chumba mahali pake na milango imeachwa wazi. "Hii," akasema, "ndiyo bei waliyotuambia." Mkewe akaigawa ile namba ndefu kwa bei hiyo, akamwambia aendelee kuchora. Akachora nyumba ya pili ubavuni mwa ya kwanza, ukuta kwa ukuta, jiko kwa jiko. Mkewe akamwambia bado. Fundi akafuta jasho akaanza ya tatu, na alipofika nusu yake akaambiwa basi, inatosha, imeishia hapo. Mstari wa mwisho ulipita katikati ya choo.

Nyumba mbili na nusu zilikuwa zimelala mavumbini mbele yetu, na familia ile ingezilipia zote ili ipewe moja. Muuza mayai alipokatiza na trei zake alikuta watu wamejipanga kama msibani, naye bila kuambiwa kitu akauzunguka ukuta wa chaki asije akaukanyaga. Jirani mmoja akauliza nusu ya choo hutumiwaje.

Ndipo Bibi alipotokea na kigoda chake na shali lake mabegani. Akaipita nyumba ya kwanza, akasimama mlangoni pa ile ya pili, akauliza hii ni ya nani. Fundi akamwambia kwa sauti ya chini kwamba ni riba. Bibi akauliza nani anailipia. Akaambiwa, sisi. Akauliza nani atakaa humo. Hapo kila mtu akatazama viatu vyake.

"Basi nitakaa mimi," akasema Bibi. Akaingia kwa mlango, akakata kushoto, akaweka kigoda katika chumba cha pembeni, akaketi. "Chumba changu ni hiki. Anayenitaka apige hodi."

Hapo ndipo ulipoanza mzingiro ule mkuu, ambao wazee wa mtaa bado wanausimulia, ingawa wazee wenyewe ni sisi na ilikuwa mwezi uliopita. Jua likapanda, Bibi hakuondoka. Jua likashuka kidogo, Bibi akaletewa chai, na aliyeileta alipiga hodi hewani akakaribishwa. Mke wa Fundi alimbembeleza akashindwa. Mwishowe Fundi mwenyewe akasimama mbele ya mlango wa chaki, kifua mbele, stepla kiunoni, akahutubia: "Ewe mama yangu, uliyenipa mke nikiwa sina hata nyundo, nakusihi utoke katika ngome hii, kwani kuta zake ni vumbi na dari lake ni mawingu."

Bibi akamsikiliza mpaka mwisho, maana alikuwa mtu wa adabu. Akamjibu, "Baba, kitu mtu akikilipia hupewa. Nenda kawaambie wakupe funguo."

Sasa ninyi mnacheka. Nasi tulicheka. Lakini Fundi Makochi hakucheka, kwa kuwa alikuwa ametafuta kosa katika maneno yale na hakuliona.

Wakaenda benki watatu, na mimi wa nne, kwa sababu ya chaki yangu. Sitasimulia foleni, wala kalamu iliyofungwa kwa kamba ili isitoroke, wala kiyoyozi kilichompiga Bibi magotini. Tukafika mezani kwa dada wa mikopo, binti mpole mwenye sweta, na Fundi akasimama wima akanguruma kwamba amekuja kuchukua funguo za nyumba ya pili, pamoja na za ile nusu, pamoja na nusu ya ufunguo wa choo.

Yule dada akapekua faili lake akasema kwa heshima kwamba anaona nyumba moja tu. Bibi akamweleza habari ya chaki tangu mwanzo. Nilidhani tutatolewa na mlinzi. Lakini dada wa mikopo akachukua kikokotoo, akabonyeza, akabonyeza tena.

"Ni kweli, Bibi," akasema. "Ni mbili na nusu. Hiyo moja na nusu tunakaa sisi. Ndiyo malipo yetu kwa kuwangoja miaka yote hiyo."

"Mnamngoja nani?"

"Nyinyi."

Bibi akafikiri, akajifunga shali vizuri. "Basi tusiwangojeshe."

Enyi wasikilizaji, milango ya miji imewahi kuvunjwa kwa magogo, lakini mlango huu ulivunjwa kwa maneno mawili. Dada wa mikopo akaigeuza kompyuta ituelekee. Akatuonyesha kwamba katika miaka ya mwanzo karibu rejesho lote huenda kuilisha riba, na kinacholigusa deni lenyewe ni mfano wa chumvi kwenye chungu cha maji. Akatuonyesha kwamba wakiongeza sehemu ya tano tu ya rejesho la kila mwezi, miaka ishirini na mitano inakuwa kumi na mitano, na ile nyumba moja na nusu ya riba inanywea mpaka inakuwa chini ya nyumba moja. Fundi akaomba aelezwe tena. Akaelezwa. Akaomba mara ya tatu, na safari hii akawa anachora kwa kidole mezani. Yule dada hakuchoka, ila alituonya jambo moja, kwamba riba ikipanda, nyumba ile ya pili huongezwa ghorofa.

"Nimeelewa," akasema Fundi Makochi, na sauti yake ilikuwa ndogo.

Kwani kuelewa kulikuwa kumemletea adui mwingine: hiyo sehemu ya tano itoke wapi? Tuliporudi mtaani, kila mtu akawa na shauri. Wengi walisema chumba cha pili kipangishwe, kodi yake ilipe nyongeza, na Bibi aendelee na kochi lake kwa miaka michache, si ameshalizoea. Bibi, ambaye alikuwa amerudi chumbani kwake kwenye chaki, aliwasikia, akasema ni shauri zuri. Alilisema akiwa amegeukia upande mwingine.

Fundi akaingia karakana akajifungia. Mjue kwamba mtu huyu alikuwa na ndoto moja tu duniani, nayo ni sebule. Alikuwa na kitambaa cha rangi ya zambarau alichokificha juu ya kabati tangu alipooa, cha kochi lake mwenyewe, litakalokaa katika sebule yake mwenyewe, ambapo angekunja miguu na kumwambia mgeni karibu. Na kodi ya karakana ile, kila mwezi, ilikuwa karibu sawasawa na hiyo sehemu ya tano. Alilia humo ndani, tulimsikia. Sisemi alilia kishujaa, alilia kwa kamasi.

Alipotoka alikuwa amebeba ndoo na tambara. Akapanda juu ya kreti, lakini hotuba ilimkimbia, akamtazama mkewe tu.

"Karakana nairudisha kwa mwenyewe," akasema. "Nitafanyia kazi sebuleni kwetu. Chumba cha Bibi hakipangishwi."

Mkewe akamwuliza, "Na sisi tutakaa wapi?"

"Kwenye makochi ya watu, kabla hawajaja kuyachukua."

Mkewe akachukua tambara la pili.

Ndipo vilipopigwa vita vya mwisho. Wakaishambulia nusu ya choo ikaanguka. Wakaifuta ile nusu nyumba yote, ukuta baada ya ukuta, maji meupe yakitiririka mpaka kwenye mtaro. Wakaingia nyumba ya pili wakaling'oa baraza lake, kisha jiko, kwa kuwa kwa miaka kumi na mitano riba haikustahili jiko. Hapo mkewe akasema basi, vilivyobaki vitalipwa, na tambara halidanganyi benki. Bibi alikuwa angali ameketi katika chumba chake cha pembeni, katika kile kilichobaki. Fundi akaweka ndoo chini. Akapiga hodi. Akakaribishwa. Akakibeba kigoda, akamshika Bibi mkono, akamvusha mpaka nyumba ya kwanza.

Ijumaa wakatia saini, na Fundi aliisoma kila karatasi akifuatisha kwa kidole mpaka mstari wa chini kabisa. Wakahamia. Sebule ya nyumba ile imejaa sponji na misumari, mgeni hapati pa kukanyaga, na kitambaa cha zambarau kimerudishwa juu ya kabati. Chaki yangu, boksi zima, sijarudishiwa mpaka leo, na kama kuna anayestahili riba katika habari hii ni mimi.

Lakini iandikwe, na wajukuu wa wajukuu wasomewe, kilichotukia jioni ile ya kwanza. Bibi aliingia chumbani kwake akaufunga mlango, na sote tukasikia kitasa kikilia. Fundi Makochi, Simba wa Sponji, akafika na kikombe cha chai, akapiga hodi kwenye mbao za kweli. Akapiga tena.

"Ngoja kidogo," ikasema sauti ya Bibi kutoka ndani, bila haraka yoyote.

Naye akangoja pale mlangoni, chai ikipoa mkononi, na hakutoza riba.