Nyumba Moja, Kesi Tatu

Bwana Faili hakusomea sheria. Alikuwa na tai mbili na bahasha kubwa ya kaki, na kwenye benchi la nje ya masijala ya mahakama hivyo vilitosha kumfanya aonekane wakili.

Asubuhi moja aliwaona ndugu wawili, fundi cherehani na mdogo wake kinyozi, kila mmoja ameketi upande wake, hawatazamani. Walikuwa wakigombea nyumba ambayo, kwa maneno yao, waliachiwa na baba. Mkubwa alifungua kesi ya vyumba vya mbele, mdogo ya vyumba vya uani. Ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime. Bwana Faili akachukua bahasha.

Fundi alitaka kesi zisikilizwe mbalimbali, kwa kuwa shahidi wake mkuu aliandikisha maelezo hivi katika kesi moja na vile katika nyingine. Bwana Faili akamhakikishia kwamba hakimu ni kama kaka yake, ingawa hakimu hakumjua hata kwa kisogo. Mchana akamnong'oneza kinyozi, aliyetaka ziunganishwe ili shahidi huyohuyo aumbuke. Kwake pia hakimu alikuwa kama kaka.

Hesabu yake ilikuwa nyepesi: hakimu aamue aamuavyo, mmoja atashukuru, mwingine ataambiwa hakimu amegeuka. Kwa kuwa ndugu hao hawakuwa na kitu mfukoni, kila mmoja alimwandikia vyumba viwili vya upande wake kama malipo. Bwana Faili akajiona mwenye nyumba. Paa lilivuja, naye hakutaka kurithi matope, basi akauza pikipiki yake, akaezeka mabati mapya.

Siku ya kesi hakimu alifungua faili la tatu. Mdai alikuwa shangazi yao, mwenye hati ya nyumba yote. Alimpa kaka yake, baba yao, mahali pa kuishi tu. Ugomvi wa wapwa zake ulikuwa wa kupanga, ili mahakama iwagawie kisicho chao. Walipobanwa, wote wawili wakasema vyumba wameshampa bwana yule pale mlangoni.

Bwana Faili alikuwa ameshatanguliza mguu mmoja nje. Askari akamrudisha.

"Unaunganishwa kama mdaiwa wa tatu," hakimu alisema. "Unataka usikilizwe nao, au peke yako?"

"Peke yangu, mheshimiwa."

"Kwa sababu gani?"

Mtu aliyeuza sababu mwezi mzima, za kutenganisha na za kuunganisha, akakosa hata moja. Hakimu akaagiza kesi zote zisikilizwe pamoja, na Bwana Faili akaketishwa katikati ya ndugu wawili, ambao sasa walikuwa wakiongea vizuri tu.

Shangazi akamwinamia kwa nyuma, kwa upole.

"Ahsante kwa mabati, mwanangu. Ila uani bado panavuja."