Malalamiko Kuhusu Sambusa Nyeupe za Mkwe Wangu

Balsall Heath, Birmingham
Jumatatu, mwezi wa kumi na mbili

Kwa Bwana Idarous, Mwenyekiti wa Jumuiya yetu ya Waswahili, pamoja na wajumbe wa kamati ya karamu ya baridi,

Baada ya kukuombeeni afya, maana nasikia nusu ya kamati inakohoa, naandika kwa heshima na kwa hasira. Barua itakaposomwa mkutanoni, naomba kisipunguzwe kimoja kati ya viwili hivyo.

Mnanijua. Mimi ni Mwanamkasi, mama yake Hafidh. Kwa miaka kumi na tisa vitafunio vya kufungulia karamu ya baridi vimetoka jikoni kwangu: sambusa, kababu na bajia. Tangu mume wangu atangulie mbele ya haki, ile meza ya mlangoni ndiyo kazi iliyonibakia mji huu, na kila anayeingia hupita kwangu kwanza. Jumamosi iliyopita, baada ya kikao cha kuonja, mmeitoa meza hiyo na kumpa mke wa Hafidh, Asmahan, eti mwaka huu vitafunio viwe vya Kichina na Kiswidi kwa pamoja. Nilidhani mnanitania. Nimesubiri siku mbili mcheke, hamkucheka.

Basi malalamiko yangu ni haya:

1. Mnasema binti amekulia Uswidi, kisha amefanya kazi miaka minne kwenye mkahawa wa Kichina hapa mjini. Sawa. Mimi nimeishi miaka kumi na tisa ukuta kwa ukuta na Gurnam, fundi magari, na hakuna hata mmoja wenu aliyeniletea gari nimtengenezee.

2. Shibiti. Jamani, shibiti! Kwetu Unguja hiyo ni dawa ya mtoto mchanga aliyejaa gesi tumboni. Asmahan ameikatakata mbichi, akaichanganya na samaki na tangawizi, akaifunga ndani ya unga na kuwapa watu wazima wenye ndevu. Wewe binafsi, Mwenyekiti, ulikula saba. Kama tumbo linakusumbua ungesema, tungekutibu faraghani.

3. Kababu, eti za Kiswidi. Kababu nimezikaanga kabla Asmahan hajazaliwa, na sijawahi kuona zikizamishwa kwenye sosi ya soya, kisha zikamwagiwa jamu ya vitunda vyekundu vya porini. Jamu! Juu ya nyama! Katibu wetu Mama Nabintu, mtu mwenye akili zake, aliyetoka Bukavu na heshima yake yote, alilamba kijiko. Sikutaka kuona, lakini niliona.

4. Ule mkate mkavu wa Waswidi. Huo sitaki hata kuuzungumzia, meno yangu bado yananiuma.

5. Hili ndilo kubwa. Hizo za shibiti, anazoziita sambusa za Kichina, zilikuja kwenye kikapu cha mianzi, nyeupe pe, zimelowa, zinateleza. Mtu aliyelelewa vizuri akiona sambusa nyeupe anajua haijaiva. Nikamwonea huruma binti, maana aibu yake ni aibu yangu. Nikazichukua zote sitini kimyakimya, nikaenda jikoni kwenye ukumbi, nikabandika karai, nikazikaanga mpaka zikapata rangi ya kuheshimika. Kumbe zilikuwa zimeshaiva kwa mvuke, na ndivyo zinavyoliwa! Nikasubiri anigombeze. Hakunigombeza. Aliuma moja, kisha akasimama mbele ya watu akanishukuru, akasema zimekuwa nzuri kuliko zake. Ninyi mkapiga makofi, na sinia likaisha kabla sijafuta mikono. Mkwe akikutukana, una la kujibu. Akikushukuru hadharani, utamjibu nini? Mimi nilibaki nimeshika kitambaa kama mjinga.

6. Tukilinyamazia hili, halitaishia hapa. Mwaka ujao mtu ataleta sombe, kile kisamvu cha kina Mama Nabintu, juu ya barafu. Mwaka wa pili biriani itapakwa jamu. Mwaka wa tatu mgeni atanisimamisha mlangoni aniulize sambusa ni kitu gani, na mwaka wa nne nitakuwa nimesahau na mimi.

Kwa hiyo naomba Jumapili ipigwe kura kwa kunyoosha mikono. Asmahan azuiwe kuingia jiko lolote la Jumuiya kuanzia Novemba mpaka Machi. Shibiti irudishwe kwa watoto wachanga. Kisha ziandikwe barua mbili za upole, moja kwa Waswidi na moja kwa Wachina, waambiwe kila mtu abaki na chakula chake. Niko tayari kuziandika mwenyewe, kama mnavyoona mkono wangu bado ni mzuri.

Nimeumia, Bwana Idarous, sitaki kuzunguka. Hamkuniuliza hata neno moja.

Nisalimie mkeo na wanao, Mama Nabintu na kijiko chake, ndugu zetu wa Northfield na wa Nechells, na wote wanaokohoa.

Ni mimi, ambaye bado sijajiuzulu,
Bi Mwanamkasi

Tanbihi: Imenibidi niifungue bahasha. Asmahan amekuja leo na unga, samaki na fungu zima la shibiti, akasema meza haichukui kama mimi simo. Tumekunja mia mbili. Yeye anapika kwa mvuke, mimi nakaanga. Bintiye ana miaka sita, na tangu aanze kusema nikimsemesha Kiswahili hunijibu Kiingereza. Leo alisimama pembeni yangu, akala tatu, akanyoosha sahani na kusema, bila kufundishwa na mtu, “Bibi, niongeze.” Ilinibidi nigeukie dirishani kwanza. Barua isomwe vilevile, nimeihangaikia. Ila ikifika kwenye kura, mkono wangu uhesabiwe upande wa Asmahan. Mimi sitakuwepo, nitakuwa jikoni.