Ugonjwa Wangu wa Siku Mbili

Jumatatu, 4 Machi
Miezi minane nimepanga hapa Kiseke, hakuna aliyewahi kuniuliza nimeamkaje. Mimi nawajua wote, nawaona kwa upenyo wa pazia. Masalu, fundi pikipiki, anaongea kwa sauti na mke aliyemkimbia, na simu yenyewe haina chaji! Mama Getruda, mjane muuza dagaa, analia akichambua mchele. Anasingizia vumbi. Watu wazima hovyo!

Kesho ni zamu yangu ya kufagia uwanja. Sifagii. Hapa asiyefagia lazima agongewe mlango. Nitaumwa. Tuone nani ananijali.

Jumanne, 5 Machi
Shuka hadi kidevuni. Nikaguna kidogo. Saa nne nasikia ufagio: Mama Getruda anafagia zamu yangu. Ebo! Nani kamtuma?

Baadaye kagonga, akauliza kama naumwa. Nikanyamaza. Mtu mmoja tu! Nilitaka waje wote, Masalu akiwa mbele, aniombe radhi kwa kuniita Mzee Dirisha. Mama Getruda akaacha uji mlangoni. Kuku wa Masalu wameumaliza, mimi nawaangalia.

Jumatano, 6 Machi
Njaa! Nikakaanga sangara, polepole, mlango nimeukomea. Ghafla komeo likang'oka. Mama Getruda na Masalu, wakidhani nimezimia. Wamenikuta na mwiba mdomoni. Masalu kacheka mpaka kakaa chini.

Mama Getruda hakucheka. Alisema usiku kucha alikuwa akisikiliza ukutani kama napumua, na dagaa aliowaacha nje wamenyeshewa wote. Akasema nikiumwa kweli nimwite, hata kama ni saa nane za usiku. Nyoo! Masimango hayo. Aibu niliyoipata sitaisahau.

Jumamosi, 9 Machi
Zamu ya Mama Getruda. Uwanja haujafagiwa! Mlango wake haujafunguliwa tangu jana. Masalu kavuka ziwa kwenda Kamanga kwa ndugu zake, tumebaki wawili tu.

Anakohoa. Anakohoa vizuri kuliko nilivyoguna mimi, lazima nikiri. Kaniita kwa jina mara mbili, mara ya pili sauti ndogo kabisa. Mwigaji mkubwa! Anataka niende mbio, nimkute anakula, naye apate kunicheka. Mimi si mtoto.

Nimekaa kwenye pazia langu tangu asubuhi, sijatikisika. Saa saba kikohozi kimekoma. Sasa jioni, bado kimya. Kachoka kuigiza. Nimemshinda.