Nimechunguliwa Mbele ya Mtaa Mzima

Kwa Bwana Harsono,
Mwenyekiti wa Mtaa wetu, Yogyakarta.

Bwana Mwenyekiti,

Natumaini wewe u mzima. Mimi si mzima, nimechunguliwa.

1. Jumamosi yule kijana Danang, mwanafunzi wa sanaa, alitundika shuka uwanjani akatuonyesha filamu yake fupi. Haina hadithi wala wimbo: dirisha tu, pazia, na kivuli cha mwanamke anayekaanga tempe, vile vipande vyetu vya soya. Mimi kwa adabu zangu nilikaa nyuma ya shuka, kama bibi zetu walivyotazama wayang na vivuli vya vikaragosi vyake. Nikaona kwenye picha msikiti wetu mdogo, na kushoto kwake nyumba yenye dirisha hilo. Nyumba ya kushoto ni yangu! Na kiuno kile, Bwana Mwenyekiti, hakina mwenyewe mwingine. Huko mbele nilisikia wanaume wakinong'ona, “Lo! Mama huyu bado yumo!” Niliona haya mpaka nikasahau kuondoka.

2. Nilipomkabili, Danang alinijibu, “Bibi, mimi niliweka kamera tu. Anayechungulia ni mtazamaji.” Nimelifikiria jibu hilo nikaona lina ukweli. Kwa hiyo wenye kosa ni watazamaji wote.

3. Wa kwanza ni wewe. Mkeo amenieleza kwamba pazia lilipopepea, uliinamisha shingo pembeni ili uone ndani zaidi, kana kwamba shuka lina kona.

4. Mjane hana mali ila jina lake, na langu linaniuma. Naomba filamu hiyo isipelekwe kwenye tamasha la Jakarta. Pia kila aliyetazama aache dirisha lake wazi wiki nzima, nipite nichungulie kwa nafasi. Nitaanza kwako, wakati wa chakula.

Nisalimie mkeo, mama mkwe wako, na yule hua wako wa kwenye tundu, ambaye peke yake hakutazama.

Ni mimi niliyedhulumiwa,
Bi Wuryani

Baada ya kuandika: Mkwe wangu amesoma barua hii akacheka mpaka akakaa chini. “Mama, si ulikaa nyuma ya shuka? Kulia kunakuwa kushoto! Ile ni nyumba ya Bi Kasinem.” Kasinem! Kwa kiuno kipi? Basi futa yote yaliyo juu, nimebakiwa na lalamiko moja: dirisha langu lina kasoro gani? Mwambie Danang kesho asubuhi nakaanga tempe, na pazia nimelitoa kulifua.